Kaimu bila kibali

Barua yenyewe ilikuwa na aya tatu. Ya kwanza ilinijulisha kwamba mkuu wangu wa idara amehamishwa, ya pili kwamba kuanzia siku hiyo nitakaimu nafasi yake "hadi hapo itakapoelekezwa vinginevyo", na ya tatu ilinitakia utekelezaji mwema. Kuhusu fedha, kimya. Ilikuwa mwaka 2014, katika halmashauri moja ya wilaya kanda ya kati, enzi hizo Mifugo na Uvuvi ikiwa bado idara inayojitegemea. Mimi nilikuwa afisa mifugo tu, mtu wa pikipiki na mabuti, nimezoea kushinda mnadani nikiandika vibali vya kusafirisha ng'ombe.

Kazi ikaniangukia yote kwa mkupuo. Bajeti ya idara, vikao vya menejimenti, ripoti ya robo mwaka, magomvi ya wakulima na wafugaji, josho lililokauka. Baraza la Madiwani ndilo lililonitoa jasho zaidi. Diwani akisimama kuuliza kwa nini chanjo ya homa ya mapafu ya ng'ombe haijafika kwenye kata yake, hajali kama wewe ni kaimu au ni mkuu kamili, anataka majibu. Mtaani nako nikawa "bosi". Fundi cherehani niliyemzoea miaka yote akaanza kunitajia bei mpya. Mshahara lakini ulikuwa uleule. Kila mwezi nikiifungua hati ya mshahara nakuta daraja langu la zamani, makato yaleyale na mkopo wa benki uliokaa pale kama kupe.

Mwanzoni sikuuliza. Kwetu mtu akiulizia posho mapema huonekana ana tamaa, na wapo wanaolijua hilo na kulitumia vizuri sana. Nilipoona miezi sita imepita, nikaichukua barua yangu, nikaenda kwa afisa utumishi, mama mmoja mtu mzima ambaye kila mtumishi kijana pale alimwita Mama.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba, baba. Karibu, kaa."

Nikamweleza. Akaisoma barua mbele na nyuma, kana kwamba nyuma palikuwa na aya ya nne. Kisha akavuta kutoka kabatini Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma za mwaka 2009, kitabu kilichokunjamana pembe zote, akafungua sehemu ya D, Kanuni ya 24, bila hata kuangalia faharasa.

"Sikiliza, mwanangu. Mtumishi hapaswi kukaimu nafasi iliyo wazi zaidi ya miezi sita. Na anayekaimu kihalali hulipwa posho, ile tofauti ya mshahara wake na mshahara wa cheo anachokaimu. Ila hii barua ni ya humuhumu ndani. Kibali cha Katibu Mkuu Utumishi kiko wapi?"

"Mimi nitakijuaje, Mama? Si ndiyo nyie wa kukiomba?"

Akanitazama juu ya miwani. Akamwita kijana wa masijala alete jalada langu binafsi. Tulilipitia wote wawili, folio kwa folio: barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, maombi ya likizo, onyo moja la zamani kuhusu pikipiki. Ombi la kibali halikuwamo. Hapakuwa na hata rasimu. Kwa serikali kule juu, mkuu wa idara ile hakuwapo wala kaimu wake hakuwapo. Nilikuwa nimeidhinisha matumizi, nimetia saini taarifa na nimejibu madiwani kama kivuli.

"Kwa hiyo kisheria mimi nilikuwa nani?"

"Ulikuwa unashikilia ofisi," akasema, taratibu, kwa sauti ya mtu aliyekwisha kulisema hilo kwa wengi.

Sikumkasirikia yeye. Niliukasirikia utaratibu unaomwezesha mwajiri kupata mkuu wa idara kwa bei ya afisa, kwa karatasi moja na muhuri. Mbele ya madiwani barua ile ilitosha kunibana, lakini haikutosha kunilipa.

Ombi liliandikwa wiki hiyohiyo, maana Mama alilisimamia mwenyewe. Kabla halijajibiwa, wakaguzi wa CAG, yaani Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, walifika wakaandika hoja: watumishi wanaokaimu zaidi ya miezi sita kinyume cha Kanuni za Kudumu. Jina langu lilikuwamo kwenye jedwali. Hoja ya ukaguzi ina nguvu ambayo malalamiko ya mtumishi hayana, lakini hujibiwa kwa njia iliyo nyepesi kwa mwenye kuijibu, na hapa iliyo nyepesi ilikuwa kuleta mkuu wa idara mpya. Akaletwa. Tukafanya makabidhiano, nikarudi mnadani. Madai yangu yakaingizwa kwenye orodha ya madeni ya watumishi, yakahakikiwa, yakarudishwa kwa kukosa kiambatisho, na kiambatisho chenyewe ni kibali kilekile.

Mkuu mpya alikuwa mtu mwema. Likizo yake ya kwanza ilipofika aliniita, akanikabidhi funguo na barua ya kukaimu. Nikazirudisha zote mbili mezani kwake.

"Mkuu, naomba kwanza nikamwone Mama."

Akacheka, akaniambia niende nayo hiyo barua.