Usiku ami alipoingia laivu

Mwaka 2020, korona ilipoingia, kazi zangu zote ziliisha ndani ya wiki moja. Mkahawa wa Nyali uliokuwa ukinipa jukwaa la kuchekesha ulifunga, harusi nilizopangiwa kuwa mshereheshaji zikaahirishwa, na sherehe moja ya kampuni kule Diani, ambayo malipo yake nilishayala kichwani, ikafutwa kwa ujumbe mfupi usio hata na pole. Machi 27 ikaanza kafyu, saa moja jioni hadi saa kumi na moja alfajiri. Aprili kaunti nzima ya Mombasa ikafungwa, hakuna kuingia wala kutoka. Nikabaki Kibokoni, Mji wa Kale, nyumbani kwa wazazi, na laptopu ya kuazima, bando la kubahatisha na mdomo.

Kwanza nilijaribu kuchekesha mbele ya simu. Hapana. Jukwaani ukimaliza kisa unajibiwa papo hapo: kicheko, au kile kikohozi cha mtu wa meza ya nyuma kinachokwambia hamia kisa kingine haraka. Simu haikohoi. Nilikuwa nikimaliza utani nawaachia watu nafasi ya kucheka, kama nilivyozoea, na kwenye video nafasi ile ilionekana kama mtu aliyesahau maneno. Mamangu, aliyekuwa akinisikia kupitia ukutani, aliniuliza nagombana na nani.

Sataranji ndiyo iliyonitoa hapo. Niliicheza kidogo shuleni, si kwa ubingwa wowote. Lakini ubao unakupa la kufanya wakati umenyamaza, na saa ya mchezo haikuachi unyamaze sana. Basi usiku nikawa naingia Lichess, tovuti ya sataranji ambako kucheza ni bure na hakuna matangazo, napewa mpinzani yeyote duniani aliye macho, naonyesha skrini yangu laivu kwenye Facebook na kuusimulia mchezo kama habari za mtaani. Malkia alikuwa mama mwenye nyumba anayefika kila chumba bila kubisha hodi. Mfalme akijificha pembeni na ngome yake, nilisema kawahi kafyu. Ngome yenyewe niliiita Fort Jesus: imejengwa 1593, haitoki kona, na mwaka huu hata mtalii haioni.

Sikubuni mimi jambo hilo. Huko Marekani, Hikaru Nakamura, aliyekwisha kuwa bingwa wa nchi yake mara 5, alikuwa akivuta maelfu kwa kucheza huku anapiga soga, na akiwafundisha wachezaji wa gemu za kompyuta ambao hata farasi anaruka vipi walikuwa hawajui. Juni ile, kwenye mashindano ya wanagenzi ya Chess.com, mmoja wao, xQc, mtu mwenye wafuasi wasiohesabika, alipigwa mati, yaani mfalme wake kunaswa, kwa hatua 6, na dunia ikamcheka mpaka akacheka mwenyewe. Tofauti yangu na Nakamura ni kwamba mimi nilikuwa nafungwa. Watazamaji wangu walikuwa 30, siku njema 40, na nusu yao binamu zangu.

Ramadhani ikaingia. Misikiti imefungwa, tarawehe tunasali sebuleni. Hakuna baraza, hakuna muuza kahawa akigonganisha vikombe, hakuna vijana wa kupiga ngoma za daku vichochoroni. Kisha Mei 6 ikatangazwa kwamba Mji wa Kale peke yake nao unafungwa, anayelala ndani abaki ndani. Na aliyelala ndani usiku ule, kwetu, alikuwa ami yangu.

Ami ni wa Likoni. Alikuja kufuturu na kakake, babangu, siku moja, akapendezwa na tambi za mamangu akalala, asubuhi akaambiwa hatoki. Amekuwa baharia zaidi ya nusu ya umri wake, mtu aliyefika bandari ambazo mimi naziona kwenye ramani tu, na ghafla dunia yake ikawa ngazi, sebule na dirisha linalotazama ukuta wa jirani. Sataranji alifundishwa melini na fundi mitambo wa Kipolandi, kwa ubao wenye matundu ili kete zisimwagike mawimbi yakija. Hilo sikulijua. Kwetu alijulikana kwa karata na kwa kutokubali kushindwa karata.

Usiku wenyewe ulikuwa wa kumi la kati, saa tano hivi. Nilikuwa laivu, mchezo wa dakika 5 kwa kila mtu, nimeshika nyeupe. Nimesukuma askari wa mbele ya mfalme, mwenzangu kajibu vilevile, naanza kumtukuza farasi wangu, mara mlango ukafunguka. Ami, na kikoi chake na fulana, na tende mkononi.

"Wacheza na nani?"

"Sijui, ami. Mtu tu."

"Wacheza na mtu humjui? Ushamwamkia?"

Lichess ina vitufe vya salamu mwanzo wa mchezo. Nikabonyeza kimoja, kile cha HI, ili yaishe. Ami akavaa miwani, akainama mpaka ndevu zikagusa skrini.

"Nini hini? Herufi mbili? Mtu mzima wamwamkia kwa herufi mbili?"

Saa yangu inakimbia. Kwenye maoni watu wakaanza kuuliza huyo mzee ni nani. Nikaandika salamu kamili, asalaam alaykum, kwa herufi zote, nikamsogeza farasi, nikatumai ataridhika na kurudi kwenye mkeka wake. Hakurudi. Alivuta kiti changu, mimi nikiwa bado nimekikalia, akakaa nusu.

Mwenzetu kule kimya. Ami akatikisa kichwa. "Hana adabu huyo. Mfunge."

Hatua mbili mbele, kwenye kisanduku cha maongezi likatokea jibu: waalaikumsalam. Nikafungua ukurasa wake, kuna bendera nyekundu juu na nyeupe chini. Indonesia. Kwao ilikuwa saa tisa usiku, na akaandika kwa Kiingereza kwamba anakula daku kwa mkono mmoja na kucheza kwa mwingine.

Ami alibadilika pale pale. Alikaa wima, akafunga kikoi vizuri kana kwamba ameitwa mezani kwa nahodha. "Muulize atoka wapi. Jakarta? Mwambie Tanjung Priok napajua. Mwambie nilishuka pale miaka ya sabini, mvua, mvua, mvua, nikapewa wali na samaki na mtu hata jina simjui."

"Ami, saa."

"Saa gani? Mwandikie."

Nikawa naandika Tanjung Priok kwa mkono wa kulia na kusogeza kete kwa kidole cha kushoto. Kete zenyewe hakuniachia. Alikuwa hagusi kipanya, anaelekeza kwa tende: huyu hapa, yule kule, huyo mwache afe. Na hapo ndipo nilipoona huyu mzee anajua. Anatoa farasi na tembo kwa mpangilio, hana pupa na malkia, hatishiki na vitisho. Mimi nilikuwa nimeandaa utani wa dakika nzima kuhusu askari kuziba njia kama tuktuk Marikiti, na sikupata pa kuuingiza. Kila nikifungua mdomo, ami anauliza kitu cha maana zaidi. "Muulize, wazee wake hai?"

Watazamaji walikuwa wanapanda kwa namna ambayo sijawahi kuiona: 60, 110, kisha nikaacha kuangalia. Rafiki yangu wa Malindi alikuwa akisambaza linki kwenye makundi ya WhatsApp, na makundi yale, Ramadhani ile, watu wako macho na hawana pa kwenda.

Ikafika pale. Farasi wetu aliruka katikati ya kambi yao, akamkabili mfalme na malkia kwa pamoja. Mfalme lazima ahame, malkia ni wetu. Mwenzetu kamhamisha mfalme. Imebaki kumchukua malkia tu, na kwenye saa yetu zimebaki sekunde 40. Ami akaondoa tende kwenye skrini, akaegemea nyuma.

"Yule fundi wa Kipolandi," akaanza.

"Ami, mchukue malkia!"

"Ngoja. Yule fundi alikuwa akifika hapa hupumzika, huvuta kiko. Asema ukiona kitu kizuri usikirukie."

Sekunde 25. Maoni yanapita kasi siyasomi, ila yote ni herufi kubwa: CHEZA MZEE, MZEE CHEZA. Binamu yangu mmoja alipiga simu ya nyumbani, mamangu akaingia kuuliza kuna nini. Sekunde 14. Ghafla zikawa 29. Nikadhani mtambo umeharibika. Kisha 41.

Lichess ina alama ndogo ya kujumlisha kando ya saa. Ukiibonyeza unamuongezea mpinzani wako sekunde 15. Siku zote nilizocheza sikuwahi kuona mtu akiigusa, na huyu bwana wa Indonesia, anayeelekea kupoteza malkia, alikuwa anaibonyeza kama anamimina chai. Nikamwandikia kwamba babu anasimulia hadithi. Akajibu anajua, kwao nyumbani pia wako wa namna hiyo.

Nikamweleza ami. Akakitazama kile kisaa kwa muda mrefu wa kuudhi.

"Atupa wakati wake?"

"Ndiyo, ami."

"Mwambie Mungu amlipe." Akaelekeza tende. "Haya, mchukue malkia."

Nilidhani baada ya wema ule atamwonea haya, labda aombe suluhu. Thubutu. Alimsaka yule mfalme kutoka upande mmoja wa ubao hadi mwingine, akamfungia njia na ngome zote mbili, akampiga mati huku akimwombea funga njema. Mwenzetu akaandika asante na kuomba mchezo wa pili. Ami akasema amechoka, na tende imeisha.

Nilipozima, hesabu ilikuwa imepita 300. Kwa watu wengine hiyo si hesabu. Kwangu ilikuwa zaidi ya viti vya ule mkahawa wa Nyali, na katika dakika zote zile sikuwa nimesema utani hata mmoja niliouandika. Sitadanganya, iliniuma kidogo. Ukikesha ukichonga sentensi, halafu mtu mwenye tende akauangusha ukumbi kwa kuuliza wazee wa mpinzani kama wako hai, unaihitaji dakika moja peke yako jikoni. Niliichukua dakika hiyo, nikarudi nikakuta ami bado kakaa palepale kwenye kiti changu, sasa kizima.

"Walikuwa watu wangapi?"

"Zaidi ya mia tatu, ami."

"Na kiingilio?"

"Hakuna kiingilio. Ni bure."

Alinitazama kama aliyeambiwa meli imeondoka bila nanga. "Watu mia tatu wanicheka mimi hadi daku, bure? Na babako ajua kwamba hii ndiyo kazi yako?"

Nikamweleza kuhusu M-Pesa: kwamba naweza kuweka namba yangu chini ya skrini, anayetaka anunue kahawa, na kwamba miezi ile kutuma chini ya shilingi 1,000 hakukuwa na ada. Akasikiliza kwa makini kuliko alivyosikiliza lolote usiku ule. Akataka nusu. Nikamwambia laptopu, bando na jina ni vyangu. Akasema farasi ni wake. Tulikuwa bado tunabishana mama alipotuita daku, na mezani tukakubaliana: thuluthi moja yake, kiti chenye mto kiwe chake, na mimi nisibonyeze tena zile salamu za herufi mbili.