Muvi ya 1080p ya MB 700? Mi nachukua 720p

Huku Tabora wengi bado tunawekewa muvi kwenye flashi, unampelekea jamaa wa kibandani anakuuliza tu "unataka HD?", unasema ndio, mmemaliza. Naomba tuanze kuuliza na saizi ya faili, maana hiyo namba ya 1080p (idadi ya mistari ya picha toka juu hadi chini, 720p inayo michache) peke yake haikuambii kitu.

Chukua muvi ya saa mbili. Ikiwa 1080p halafu imebanwa hadi MB 700, kila sekunde inapata chini ya megabiti moja, picha na sauti humohumo, sasa ngoja ifike sehemu ya usiku au ya moshi uone kiza kinavyogeuka viboksi viboksi. Muvi hiyohiyo ikiwa 720p ya GB 1.5 inatulia kabisa, na tivi nyingi za inchi 32 tulizonazo kioo chake ni 1366 kwa 768 tu, yani hiyo 1080p inapunguzwa humo ndani hata hivyo. 4K, yenye picha kubwa kuliko hata 1080p, ndo usiiguse kabisa kama tivi yako ni hizo. Ila ukiona H.265, njia mpya zaidi ya kubana video, hiyo ni tofauti, inabana vizuri zaidi, faili dogo linaweza kuwa safi tu, shida tivi za zamani haziifungui.

Sasa sauti, na hapa ndo naumia kweli maana watu hawaijali. Sauti ya 5.1 ina chaneli sita, yani njia sita za sauti kila moja na spika yake, na maneno ya waigizaji mengi yamewekwa kwenye spika ya katikati. Wewe una spika mbili za tivi, au sabufa inayopokea kushoto na kulia tu, kwahiyo tivi inachanganya zote pamoja na mara nyingi maongezi yanazama, mlipuko ukija mnashtuka nyumba nzima, mtu anashika rimoti muvi yote anapandisha anashusha. Kama una spika mbili omba ya AAC stereo, yani aina ya sauti yenye chaneli mbili tu, maongezi yanasikika, bibi naye anafuatilia stori. DTS, aina nyingine ya sauti, iulizie kabla hujaondoka dukani, tivi kibao zinaonyesha picha tu bila sauti. AC3, nayo ni aina ya sauti, mara nyingi inakubali.

Na kama faili limezidi GB 4, flashi yenye FAT32 (mfumo wa kupanga mafaili ndani ya flashi) hailipokei hata iwe na nafasi ya GB 60, mwambie aiformati NTFS au exFAT ila hakikisha kwanza tivi yako inazisoma.