Stareheni

Tamthilia ya "Viti" ya Eugène Ionesco ilichezwa mara ya kwanza Paris mwaka 1952. Nilipoigeuza Kiswahili kwa ajili ya runinga, sikuona pa kuipigia picha ila Lamu. Mume ana miaka 95, mke 94, wamo katika nyumba iliyozungukwa na maji. Wageni wanafika kwa mashua, bibi anakimbia huku na huko kuwaletea viti. Wageni wenyewe, mfalme akiwa mmoja wao, hawaonekani. Kengele ya mlangoni niliifanya "hodi", na kazi rahisi ikaishia hapo.

Tulipanga darini, mtaa wa Mkomani. Viti 33 vya plastiki, vile vya kukodi vya arusini, vililetwa na punda hadi mlangoni, ngazi tukazipanda navyo mabegani. Cha mfalme tuliazima kwa jirani: kiti cha enzi cha mpingo, cha babu yake.

Jukwaani mtazamaji humkalisha mgeni mwenyewe, kichwani mwake. Kamera haina hisani hiyo. Mpigapicha alisogea, tukaona kiti: plastiki nyeupe, mguu una ufa. Akarudi nyuma, tukaona duka la viti. Mwigizaji akiamkua na kupepea watu, akawa mwenda wazimu tu. Kituo kilichotutuma kikapiga simu: hao wageni hawawezi kutiwa hata kwa kompyuta?

Alasiri ya siku ya pili mwenye kiti akapanda. Kapata wageni wa kweli, anakitaka. Tulikuwa tunapumzika, kamera imezimwa. Akasimama mlangoni, akazitazama safu zile. Kisha akakusanya buibui lake, akapita ubavu-ubavu, mkono mbele, akisema taratibu, "Stareheni, stareheni." Mahali pamoja alisita, kama anayengoja mtu avute miguu.

"Bi, umewaona?" nikamwuliza.

"Mwanangu, mmewaalika nyinyi, waniuliza mimi?"

Nilimsihi arudie mbele ya kamera. Akakataa katakata, sura yake haiendi runingani. Tukamteremshia kiti chake, mfalme akakalia plastiki.

Tulirudia sehemu ile hadi adhana ya Magharibi, kamera imeshushwa usawa wa mtu aliyekaa, mwigizaji akipita vile alivyopita Bi. Tulipomaliza, mpigapicha alitaka mkoba wake wa betri, uliokuwa ng'ambo ya viti. Akazunguka safu nzima.