Kanisa la Escomb na mawe ya Warumi

Mgeni akinitembelea hapa Bishop Auckland, kaskazini mwa Uingereza, hutaka kwanza kuona kasri la maaskofu. Sawa, tunalipitia. Lakini mimi nina haraka ya kumfikisha Escomb, kijiji kidogo kando ya mto Wear, kwenye kanisa dogo lisilo na mnara lililojengwa mwishoni mwa karne ya 7 na linalosaliwa hadi leo.

Utamu wake uko kwenye mawe. Warumi walipoondoka waliacha ngome yao ya Binchester, si mbali na hapa, nao waashi wa Escomb wakachukua huko mawe yaliyokwisha kuchongwa. Sogea karibu na ukuta utaona alama za patasi za Kirumi, mistari iliyokatizana kama wavu. Zunguka upande wa kaskazini utakuta jiwe lenye herufi LEG VI, yaani Lejioni ya Sita, kikosi kikubwa cha jeshi la Kirumi, limewekwa kichwa chini. Pengine fundi hakujua kuzisoma, pengine hakujali. Alichotaka ni jiwe linalokaa sawasawa.

Ngome ile iliwahi kulindwa na kikosi cha wapanda farasi kilichoanzishwa kwa watu wa Hispania. Habari hiyo hunigusa sana. Wageni wa mbali walikwishaishi na baridi hii hata kabla Waanglo-Saksoni, mababu wa wenyeji wa leo, hawajavuka bahari, na mawe ya kambi yao ndiyo yaliyojenga nyumba ya ibada ya waliokuja baadaye.

Ndani, ukumbi wa waumini ni mwembamba, urefu wake mara tatu ya upana, na kuta zimepanda juu kweli kweli. Madirisha ya awali ni madogo, yako karibu na paa, lakini uwazi wake umepanuliwa kwa ndani ili mwanga usambae. Mbele kuna tao refu jembamba linaloelekea madhabahuni. Wataalamu wengi wanaamini lilibomolewa Binchester likaja kusimamishwa upya hapa, jiwe kwa jiwe. Nami nikisimama chini yake naamini hivyo hivyo.

Ukuta wa kusini una saa ya kivuli iliyochongwa kwenye jiwe, nyoka kaizunguka. Ina mistari michache tu, kwa sababu kazi yake ilikuwa kuonyesha nyakati za sala.

Karne ya 19 machimbo ya makaa yalileta watu wengi, kanisa jipya likajengwa 1863, hili likaachwa hadi paa likaharibika. Inauma kufikiri kwamba lilivumilia miaka zaidi ya elfu moja likaponea chupuchupu namna hiyo. Lilikarabatiwa kati ya 1875 na 1880. Baadaye lile jipya ndilo lililobomolewa, na hili la zamani likarudi kuwa kanisa la parokia, lenye ibada zake na harusi zake.