Yaa Asantewaa kwenye jamvi la karafuu

Jana usiku tukichambua karafuu hapa Wete, Pemba, vidole vyote vinanukia, mwanangu akanisomea habari za Yaa Asantewaa, mama malkia wa Ejisu, huko Ghana. Mwaka 1900 gavana wa Kiingereza, Hodgson, alidai aletewe Kigoda cha Dhahabu akikalie. Akikalie! Kwa Waasante, watu wa bibi huyo, roho ya taifa zima imo humo. Hata mfalme wao hakikalii. Bibi yule akawaongoza watu kuizingira ngome ya Waingereza Kumasi.

Mwishowe walimkamata, wakampeleka Shelisheli, akafia huko 1921.

Mama, kimya muda wote, akaacha konyo mkononi. "Shelisheli? Si ndiko walikompeleka na Sayyid Khalid wetu, yule sultani wa Zanzibar?"

Ndiko, bi mkubwa. Akanisogezea ungo.