Dakika 38 za Forodhani na Majina ya Chapwani

Kila mtembezaji wa watalii hapa Mjini Zanzibar ana maneno yake ya kusema akifika Forodhani, pwani mbele ya kasri la zamani: hapa ndipo vilipopiganwa vita vifupi kuliko vyote duniani, dakika 38 tu. Wageni hucheka, hupiga picha, wakaenda zao Darajani kutafuta viungo. Maneno hayo nimeyasikia tangu niko skuli, na hadi leo nayasikia jioni nikipita pale kutoka kazini. Yamekuwa kama kichekesho, nami nilikwishayazoea. Sasa siwezi tena kuyasikia hivyo hivyo, na sababu ni ziara niliyokwenda mwezi uliopita pamoja na maalim mmoja.

Maalim huyu alisomesha historia Unguja na Pemba mpaka akastaafu. Siku hizi hutembeza watu wachache wachache kwenye sehemu zilizoguswa na vita: Forodhani, kisiwa cha Chapwani na Beit al-Amani pale Mnazi Mmoja. Hachukui kundi kubwa, kwa kuwa hapendi kupayuka, na mashua anayokodi ni ndogo. Siku yetu tulikuwa sita: walimu wawili wa Wete, mtu na mkewe kutoka Dar es Salaam waliokuja fungate, mama mmoja wa Mombasa, na mimi, mkaazi wa Mwembetanga, karani wa mizigo bandarini Malindi. Nilipoaga kazini wenzangu walishangaa. "Wewe mtoto wa mjini, utaonyeshwa nini Forodhani usichokijua?" Nilikuja kuwajibu baada ya siku mbili, na jibu lilikuwa refu.

Tulianza mapema, jua halijawa kali. Maalim alitusimamisha kwenye ukuta wa bahari, migongo kwenye maji, nyuso zikielekea kasri. Akaanza kutugawia majina ya meli za siku ya vita. Walimu wa Wete wakawa Racoon na Sparrow. Bwana harusi akawa Philomel, mkewe Thrush. Mama wa Mombasa akapewa St George, manowari ya Admirali Harry Rawson, kubwa kuliko zote. Mimi nilitengwa kando kidogo, nikaambiwa: "Wewe ni Glasgow, wewe ni wetu."

Basi akasimulia. Jumanne, tarehe 25 Agosti 1896, Sayyid Hamad bin Thuwaini, Sultani wa Zanzibar, alifariki ghafla. Ulikuwa mwezi wa Mfunguo Sita, Maulidi yamepita siku chache tu. Siku ile ile binamu yake, Sayyid Khalid bin Barghash, akaingia kasri na kujitangaza mfalme. Waingereza, ambao Zanzibar ilikuwa chini ya himaya yao tangu 1890, walikuwa na mtu wao, Sayyid Hamoud bin Mohammed. Basil Cave, aliyekuwa akishika ubalozi wao, alimtaka Khalid atoke. Khalid akakataa. Akapewa muda: mpaka saa tatu asubuhi ya Alkhamisi, tarehe 27, bendera iwe imeteremshwa. Asubuhi hiyo Khalid alipeleka ujumbe kwamba hana nia ya kuishusha, na kwamba haamini kama watampiga. Cave akajibu kuwa hawataki kupiga, lakini asipotii watapiga.

"Saa tatu na dakika mbili," Maalim alisema, akawanyooshea kidole maharusi, "mkaanza."

Kombora la mwanzo la Thrush liling'oa mzinga mmoja wa kasri. Khalid alikuwa na mizinga miwili aliyopewa Sultani na Mfalme wa Ujerumani, bunduki za rashasha, na mzinga mkongwe wa shaba wa zama za karne ya 17. Na ndani ya kasri alikuwa na watu, karibu 2,800. Hapo ndipo Maalim alipokaa muda mrefu kuliko pote. Wengi hawakuwa askari. Walikuwemo watumishi, watumwa, raia wa mjini waliopewa silaha siku mbili kabla, na bila shaka wapishi na wachukuzi wa maji. Majengo yalikuwa ya boriti na mbao nyingi, na makombora yaliyopigwa yalikuwa kiasi cha 500. Moto ukashika. Saa tatu na dakika arubaini mizinga ikanyamaza. Watu wa Khalid waliouawa na kujeruhiwa walikadiriwa 500. Upande wa Waingereza alijeruhiwa baharia mmoja, ndani ya Thrush, naye akapona. Mjini nako uporaji ukazuka kwenye mitaa ya Wahindi, wakafa watu kama ishirini ambao hawakuwa na dau lolote katika ugomvi wa kiti.

Bibi harusi alikuwa ameshateremka kutoka ukutani. Alisema hataki kuwa Thrush tena. Hakuna aliyecheka.

Mimi niliyekuwa Glasgow nilipigwa mapema. Hiyo ilikuwa meli ya Sultani, iliyoundwa Uskochi baada ya kimbunga cha 1872 kuviangamiza vyombo vya Sayyid Barghash. Haikuwa meli ya kukabiliana na manowari mpya, lakini iliifyatulia St George. Ikapigwa ikazama bandarini, mabaharia wake wakaokolewa na mashua za Waingereza. Milingoti yake ilibaki imechomoza juu ya maji mpaka 1912, ilipokuja kuondolewa. Miaka kumi na sita! Mimi nafanya kazi katika bandari hiyo, nasaini karatasi za mabohari na majahazi kila siku, na sikuwahi kufikiri kwamba wachukuzi waliokuwa na kazi kama za kwetu walikuwa wakipakua mizigo huku wakiitazama milingoti ile.

Ukisimama hapo leo huoni mengi. Beit al-Hukm, moja ya nyumba za kasri, iliharibika ikabomolewa, na palipokuwa nayo pamebaki uwazi na bustani. Kasri la Beit al-Sahel lilijengwa upya, ndilo makumbusho ya sasa. Mnara wa taa uliokuwa mbele ya Beit al-Ajaib, yaani Jumba la Maajabu, uliangushwa. Saa iliyokuwa juu ya Beit al-Ajaib ilikuwa ya mnara uliojengwa baadaye. Beit al-Ajaib yenyewe ilisalimika na mizinga ya 1896, ikaja kuporomoka sehemu yake ya mbele Disemba 2020 bila ya vita, ikaua watu. Maalim hakulizungumza sana hilo. Alitazama viunzi vya mafundi, akasema, "Nyumba hailindwi kwa sifa," akatuongoza kuelekea Shangani.

Njiani mlizuka ubishi ambao kwangu ulikuwa sehemu bora ya asubuhi nzima. Khalid aliponea mlango wa nyuma, akakimbilia ubalozi wa Ujerumani. Taarifa hazipatani kama alitoka mwanzo wa mapigano au alikaa kwanza. Mwalimu mmoja wa Wete alisema alikuwa shujaa, kwani alikataa kuchaguliwa mfalme na wageni. Mwenziwe akasema shujaa hawaachi watumishi wake ndani ya moto. Mimi nipo na huyu wa pili, na nilisema hivyo. Kukataa amri ya Cave kulikuwa haki yake. Kuwaweka wapishi mbele ya manowari tano hakukuwa haki yake. Maalim alitusikiliza, hakuamua.

Yeye alitaka tuone bahari ilivyo karibu na nyumba za Shangani. Tarehe 2 Oktoba 1896 Wajerumani walingoja maji yajae, mashua ya manowari yao Seeadler ikaja mpaka mlango wa bustani ya ubalozi, Khalid akapanda moja kwa moja bila ya kukanyaga ardhi ya Zanzibar. Waingereza waliokuwa wakimngoja nje hawakuwa na la kufanya. Akapelekwa Dar es Salaam. Mtu yeyote wa pwani anaielewa hila hiyo: aliyeipanga aliyajua maji yetu.

Baada ya chai tulipanda mashua kwenda Chapwani. Kutoka Forodhani si mbali, bahari ilikuwa shwari. Maalim alimwomba nahodha apunguze mwendo bandarini, akatwambia kwamba vita vingine, Vita vya Kwanza vya Dunia, vilifika humu humu. Jumapili, tarehe 20 Septemba 1914, alfajiri, manowari ya Uingereza Pegasus ilikuwa imetia nanga ikitengenezwa mashine zake. Manowari ya Kijerumani Königsberg ikaja ikaipiga kutoka mbali. Mizinga ya Pegasus ilikuwa ya zamani, makombora yake yakawa yanaanguka majini kabla ya kufika. Mapigano yalikuwa mafupi tena. Mabaharia 38 walikufa, wengine papo hapo na wengine kwa majeraha, na Pegasus ikazama siku hiyo. Königsberg ikaenda kujificha katika delta ya Rufiji, na huko ndiko ilikomalizwa Julai 1915.

Mama wa Mombasa, aliyekuwa kimya tangu ukutani, akasema: "Mizinga yao iko kwetu. Nenda Fort Jesus utaikuta, mmoja wa Pegasus, mmoja wa Königsberg. Watoto wanaipanda." Ni kweli. Mizinga ya meli zote mbili iliokolewa, ikaja kutumika nchi kavu katika vita vile vile, na hii miwili imeishia ngome moja.

Chapwani kuna paa wadogo na popo wengi sana juu ya miti. Makaburi yako chini ya kivuli, kwenye kichaka. Wamezikwa mabaharia wa Pegasus, na kabla yao mabaharia wa Kiingereza waliokuwa wakifukuza majahazi ya watumwa, akiwemo Kapteni Charles Brownrigg wa manowari London, aliyeuawa karibu na Pemba Disemba 1881. Misalaba ipo, majina yamechongwa, na maandishi yanasomeka. Nilisoma majina ya vijana waliotoka mbali kuja kufa Jumapili asubuhi mbele ya nyumba zetu, nikawaonea huruma kwa dhati. Wana haki ya kuandikwa. Kila maiti ana haki hiyo.

Lakini nilikuwa nimetoka Forodhani. Watu wa kasri waliouawa na kujeruhiwa ni 500, na pale hakuna jiwe hata moja lenye majina yao. Bandarini kwetu gunia moja la karafuu likipungua kwenye orodha, hapalaliki. Watu hawa hawakuandikwa orodha. Ndiyo maana "dakika 38" imekuwa rahisi kuchekewa: dakika zina hesabu kamili, waliokufa wana makadirio.

Mchana, baada ya sala na wali wa nazi, tulimalizia Beit al-Amani. Nyumba ile nyeupe yenye kuba ilichorwa na J. H. Sinclair na kufunguliwa 1925, iwe ukumbusho wa amani baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Wengi tunaijua kama makumbusho tu, pahala pa kupelekwa watoto wa skuli. Hapo ndipo Maalim alipotaja wapagazi. Vita vya Afrika Mashariki vilikwenda kwa vichwa na mabega ya watu, kwa kuwa barabara hazikuwapo na mbung'o waliua wanyama wa mizigo. Von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, hakusalimisha silaha mpaka tarehe 25 Novemba 1918, siku kumi na nne baada ya Ulaya kuacha kupigana, na muda wote huo wapagazi walibeba. Wanahistoria wanawakadiria waliokufa upande wa Waingereza pekee kuwa zaidi ya 90,000. Wengi wao waliuliwa na kuhara, malaria na njaa, si risasi. Zanzibar nayo ilitoa wapagazi wake.

Hilo nililijua kwa upande mmoja. Kaka mkubwa wa baba yake bibi yangu, mtu wa Donge, alichukuliwa upagazi akavushwa Bara, hakurudi. Bibi alikuwa akisema mama wa kijana yule aliendelea kumwekea chakula. Jina lake lipo, analo ami yangu aliyerithishwa. Kumbe vita vile vile vilivyommeza yeye ndivyo vilivyomkamatisha Khalid: Waingereza walimtia mkononi huko Bara mwaka 1916, wakampeleka uhamishoni, na baadaye akaruhusiwa kurudi Afrika Mashariki, akafia Mombasa 1927. Wa Khalid tunajua mpaka mji aliofia. Wa Donge tunajua aliondoka.

Maalim ana daftari. Kila kundi analolitembeza hulifungua mwishoni, huuliza kama yupo mwenye habari ya mtu wa ukoo wake aliyekuwemo kasri mwaka 1896, au aliyepelekwa upagazi. Hataki hadithi ndefu. Anaandika jina la mtu na la baba yake, kijiji au mtaa, vita gani, na nani aliyehadithia. Walimu wa Wete waliondoka na ahadi ya kuuliza wazee kwao. Mimi nilimpigia ami simu palepale barazani, akanitajia jina la babu yake mpaka kizazi cha tatu, Maalim akawa anaandika.

Anayetaka kwenda, aniandikie nimpe njia ya kumpata Maalim. Siku hutegemea maji, kwa ajili ya Chapwani. Chukueni maji ya kunywa na viatu vya kufunga, mawe ya kule ni makali. Na hata usipokwenda, ukiwa na jina, lilete. Nataka hasa habari za watu wa kasri, kwani za upagazi zimeanza kupatikana na za kasri bado ni chache. Waulizeni wazee wa Mjini, wa Malindi, wa Ng'ambo, na waliohamia Muscat na Mombasa. Niandikieni nami nitampelekea. Hukaa barazani kila Ijumaa baada ya sala.