Siku moja ya kukitafutia kitabu nyumba

Saa kumi na moja na nusu alfajiri. Punda wa jirani ameanza kulia kabla muadhini hajamaliza, kwa hiyo saa ya mezani sina haja nayo. Nimeamka na deni. Kila Jumamosi usiku sisi marafiki sita hukutana kucheza mchezo wa dadu na hadithi, na mimi ndiye msimulizi. Dunia yetu, Visiwa vya Ngama, nimeitunga mwenyewe, na ndani yake mna kitabu cha ajabu kiitwacho Mwandamo. Kilikuwa kikikaa juu ya mnara, kinalindwa na mchawi mwenye ndevu, na ukikifungua kinakupa unachotaka. Wiki iliyopita mwenzetu mmoja, anayeendesha boti ya Mokowe, ng'ambo ya bara, akaniuliza, "Sasa kama hicho kipo, sisi tunahangaika baharini kwa nini?"

Sikuwa na jibu. Na huo mnara sijui niliutoa wapi. Hapa Lamu kitu cha thamani hufichwa ndani kabisa, hakipandishwi juu kikaonekana na kila apitaye.

Saa moja. Mahamri mawili, mbaazi za nazi, chai ya tangawizi. Usita wa Mui, njia kuu ya mji, bado una nafasi, waweza kupita bila kubanwa ukutani na punda wa mchanga.

Saa mbili nafungua duka. Kazi yangu ni fotokopi na kujalidi vitabu. Fotokopi ndiyo inayolipa kodi ya chumba: vitambulisho, fomu za basari, vyeti vya kuzaliwa. Stima ikipotea, kama ilivyopotea leo mnamo saa tatu, ndipo naingia kwenye kazi ninayoipenda.

Mzee mmoja wa mtaa wa Langoni ameniachia kitabu cha babu yake kilichoandikwa kwa mkono. Mchwa wamekula mgongo, uzi umeoza, kurasa zimechanganyika, na hazina nambari. Asiyejua angesema basi, imekwisha. Lakini wanakili wa zamani walikuwa na hila yao: chini ya ukurasa, pembeni, huandika neno la kwanza la ukurasa unaofuata. Unalichukua neno lile, unalitafuta juu ya kurasa zilizobaki, ukilipata umempata jirani yake. Saa mbili nzima nimekaa mlangoni penye mwanga nikioanisha kurasa, kama mtu anayewarudisha watoto kwa mama zao baada ya harusi. Wa mwisho ukabaki peke yake. Chini yake pana neno, ila ukurasa wa kulipokea haupo. Labda waliula mchwa, labda uko sandukuni kwa mtu.

Nikalitazama neno lile mpaka stima ikarudi, na mteja wa fotokopi akagonga meza mara mbili.

Mwandamo usiwe mmoja! Uwe mafungu matano, kila fungu kwenye kidaka, kishubaka cha ukutani, cha nyumba moja, kila nyumba kisiwa chake, na kila fungu liishie kwa neno ambalo mwenziwe yuko kwa watu wengine. Ukisoma lako peke yako hakitokei kitu. Mpaka wakae wote pamoja, kila mtu na fungu lake, na wamalize kabla maji hayajaanza kupwa. Hili la kugawana sikulitunga: kwenye hitma, kisomo cha Kurani nzima, juzuu 30 hugawiwa waliohudhuria, na msahafu ukamalizika kwa kikao kimoja. Nimeazima mpango tu. Msahafu wenyewe hauingii kwenye mchezo wa dadu, na wenzangu wanajua sitaki mzaha hapo.

Saa saba, wali na samaki wa kupaka, haraka, kivulini karibu na ngome. Jengo hilo lilikuwa gereza hadi 1984 na sasa lina maktaba. Niliwahi kufikiria kukiweka Mwandamo kwenye ngome yenye walinzi. Nafurahi sikufanya hivyo. Kitabu chenye walinzi kinamtaka mwizi tu, basi.

Saa tisa mzee akaja.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Kimepona?"

Nikampa. Akakipapasa mgongo, akauliza ninachora nini pale mezani. Nikamweleza, kwa aibu kidogo, maana ni mtu mzima na haya ni mambo ya mchezo: nyumba tano, mafungu matano, na wakisoma wote kwa pamoja bahari hurudisha kitu kimoja ilichokichukua.

"Kimoja tu?"

"Kimoja, kwa kila kisomo."

Akaiweka kofia yake sawa. "Na hao watano, wakishakaa, watamrudisha wa nani?"

Hakungoja jibu. Akalipa, akakifunga kitabu chake kwenye kanga, akaenda zake. Mimi nilikuwa nimeandika "kitu". Yeye alisema "wa nani". Nikalikata neno langu.

Saa kumi na moja nimefunga mlango, nashona mafungu matano kwa uzi niliopaka nta. Karatasi nimezipaka chai iliyolala zipate rangi. Chini ya kila fungu neno moja. Kwa kila nyumba nimeongeza jina la mtu aliyezama, na umri wake.

Saa tatu usiku, barazani. Kila mchezaji nikampa nyumba yake na fungu lake. Nilikuwa nimetayarisha dhoruba, maharamia, na papa mwenye jicho moja. Havikuhitajika. Dadu hazikurushwa hata mara moja. Nyumba ya wajenzi wa majahazi ilimtaka mtoto wa miaka tisa. Nyumba ya manahodha ikasema baba yao ndiye anayejua njia ya kupita mwamba, bila yeye watazama wengine. Binamu yangu, mwalimu, mtu mpole kabisa, alisimama akasema fungu lake halitasomwa kwa ajili ya nahodha yeyote aliyelewa. Nani kamwambia alikuwa amelewa? Mimi sikuandika hivyo.

Saa sita walikuwa bado wanabishana, mpaka mama akafungua dirisha la juu akatuuliza kama tuna makwetu. Nikakusanya karatasi. Yalirudi mafungu manne. La tano kijana wa boti amekwenda nalo Mokowe.